Usiliache gari kwenye 4H ukiwa juu ya lami

Ndugu, umeuliza kama unaweza kutoka Nairobi hadi Suswa ukiwa 4H (magurudumu yote manne yakisukuma, kwa mwendo wa kawaida) safari nzima. Hapana, tafadhali. Gari lako lenye gia ndogo ya mkono (kile kigingi cha pili cha kuchagua 2H, 4H, N au 4L) halina difu ya katikati, yaani gia zinazoruhusu shafti ya mbele na ya nyuma zizunguke kwa kasi tofauti, kwa hiyo 4H hufunga shafti ya mbele na ya nyuma zizunguke kwa kasi moja. Ukikata kona, magurudumu ya mbele husafiri mbali kuliko ya nyuma. Kwenye matope au vumbi, tairi huteleza kidogo na tofauti hiyo inaisha. Kwenye lami kavu haina pa kwenda: usukani unakuwa mzito, shafti na gia zinakazana, na mwishowe kitu kinavunjika.

Basi kaa 2H (magurudumu mawili tu yakisukuma) mpaka lami iishe. Funga habu za mbele (vifungo vya katikati ya magurudumu vinavyoyaunganisha na ekseli) kama ni za kufunga kwa mkono, kisha ingiza 4H gari likienda polepole, usukani ukiwa umenyooka. 4L (yote manne, gia nzito ya polepole) ni ya mteremko mkali au udongo mweusi ulionyeshewa: simamisha gari, kanyaga klachi, ndipo uvute kigingi.

Na hapo kati ya 4H na 4L kuna N (huru: injini haijaunganishwa na magurudumu). Hili wengi hawaambiwi: gia ndogo ikiwa N, gari litateremka lenyewe mlimani hata ukiwa umeliacha kwenye gia ya kwanza ya gia kubwa. Mguu usitoke kwenye breki.

Ukirudi lami na kigingi kikikataa kutoka 4H, usikilazimishe. Rudi nyuma mita chache ukiwa umenyoosha usukani, kitaachia.