Fidla, chaki na brashi: nishike lipi?

SWALI

Shikamoo Bi Mwalimu. Mimi ni kijana wa miaka 27, naishi Majengo, Mombasa. Siku za kazi nafundisha gredi ya 4 na ya 5 katika shule ya msingi huko Kisauni. Wikendi napiga fidla katika kikundi cha taarabu, hasa harusini. Natunga mashairi pia, na likizo zikifika nachora matatu. Baba ni seremala Mji wa Kale. Kila akiniona natoka na fidla husema, "Mshika mawili moja humponyoka, nawe washika manne." Hasemi kwa ubaya, lakini sasa nimeingiwa na hofu. Niache mengine nibaki na moja? Na hilo moja ni lipi?

Mpiga fidla, Majengo

JIBU

Marahaba mwanangu. Barua yako nimeisoma mara mbili, kwani hofu hiyo naijua. Nilifundisha muziki na Kiswahili miaka 31, na miaka hiyo hiyo nikipiga vugo, zile pembe za ngoma ya wanawake, harusini, nikitunga, nikiwapaka maharusi hina na piko. Marehemu mama alikuwa akinambia maneno yayo hayo ya babako.

Ngoja nikueleze ni wapi hofu ilinitoka. Nilikuwa na darasa la sita, nawafundisha shairi la tarbia: mishororo minne katika ubeti, kila mshororo vipande viwili, mizani, yaani silabi, 8 katika kipande cha kwanza (ukwapi) na 8 katika cha pili (utao). Ubaoni walinielewa. Kwenye daftari, wapi! Kila mtoto alihesabu kwa vidole na vidole vikamdanganya. Siku ya tatu nikaja na dumbaki. Nikawaambia wasihesabu tena. Waseme maneno yao juu ya ngoma, na ngoma ikizunguka, kipande kiwe kimekwisha. Mtoto mmoja wa mvuvi alikuwa ameandika, "Mvuvi keshuka pwani, wavu uko mabegani mwake." Kipande cha kwanza kiliingia sawa. Cha pili, ngoma ilizunguka naye bado ana "mwake" mdomoni. Akanyamaza, akanitazama, kisha akatia mate kidoleni akaifuta "mwake" mwenyewe. Mimi sikusema neno. Wiki ile darasa zima lilitunga.

Mizani nilikuwa nazijua tangu utotoni, lakini jinsi ya kuzifundisha nilionyeshwa na zile pembe za vugo. Na mkono uliozoea kukigawa kiganja cha bi harusi ili ua la kulia lilingane na la kushoto, ndio uliogawa ubao wangu ukwapi na utao, mtoto akaona vina vimepangana kama nguzo. Tangu hapo sikujiuliza tena nina kazi ngapi. Nilijiuliza hii inaipa nini ile.

Basi zipime zako hivyo hivyo. Fidla na ualimu naona vinafaana sana. Shingo ya fidla haina panapokizuia kidole, ndiyo maana bayati, ile mizani ya sauti ya Kiarabu ipigwayo katika taarabu, yatoka humo na ile sauti yake inayokaa kati ya vibonye viwili vya kinanda. Mtoto anayejifunza kwa kinanda cha shule peke yake hataisikia, mpaka mtu kama wewe aingie nayo darasani. Mashairi nayo yanakaa katikati: yanakupa maneno ya kuimba na somo la kufundisha.

La matatu nitakwambia kweli. Kwa ulivyoandika, sioni linapokutana na mengine. Kama ni riziki tu, ni halali. Lipe likizo, usilipe zaidi, na rangi ya kupuliza usiipulize bila barakoa.

Tena si lazima kila kitu ukifanye wewe. Marehemu Juma Bhalo, aliyetutoka 2014, alikuwa na sauti ile, lakini nyimbo zake nyingi alitungiwa na jamaa yake, malenga Ahmad Nassir. Mmoja alishika maneno, mwingine akashika sauti. Kama katika kikundi chako yuko anayetunga kukushinda, mpigie fidla, na mashairi yako yabaki ya darasani mpaka yakomae.

Linalonitia wasiwasi mimi ni usiku. Harusi hukesha. Niliwahi kusinzia juu ya daftari mbele ya watoto arobaini, na kimya walichoninyamazia nakikumbuka hadi leo. Ijumaa na Jumamosi chukua kazi. Jumapili ikataeni, hata mkiongezwa pesa, kwani Jumatatu ni ya watu wadogo wasioweza kukulalamikia.

Na tungo zako ziandikishe. Mwenye studio mmoja aliwahi kuuza kanda yenye wimbo wangu, maneno na lahani, nami sina karatasi hata moja ya kuonyesha. Nililia siku hiyo. Sheria yetu ya Hakimiliki ya 2001 humlinda mtunzi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa. Maneno na muziki ni kazi mbili mbele ya sheria hiyo, nawe huenda ukawa mwenye zote mbili. Bodi ya Hakimiliki ya Kenya huandikisha.

Pia usidhani kazi hii haina mbele. Katika mtaala wa sasa, sekondari ya juu ina njia tatu, na moja ni ya Sanaa na Sayansi ya Michezo. Hao wa gredi ya 5 unaowafundisha leo watafika huko, na watahitaji mwalimu aliyewahi kupiga mbele ya watu. Kama unaweza kujiendeleza kimasomo katika muziki, anza sasa ungali kijana.

Sasa babako. Usimjibu kwa methali nyingine; mtashindana mpaka usiku. Nenda karakanani kwake asubuhi, ukae. Mtazame akipima, akiranda, akichonga nakshi, akipaka vanishi. Mwulize alijifunza lipi kwanza, na lipi lilimsaidia kulijua jingine. Msikilize hasa, kwani ndani ya jibu lake mna somo la darasa lako. Muhula ukifunga, watoto wako wakisoma mashairi yao juu ya ngoma, mwalike. Muweke kiti cha mbele, karibu na mpiga dumbaki.