"Mwizi sugu" si kosa: mdogo wangu alivyowekwa ndani kabla ya Idd

Ilikuwa kumi la mwisho la Ramadhani. Mdogo wangu alitoka tarawehe, akakaa barazani na wenzake hapa Ngamiani, Tanga, gari la polisi likapita likazoa watu watano. Wanne walirudi usiku uleule. Yeye akabaki, kwa sababu miaka minne nyuma alifungwa miezi sita kwa kuiba baiskeli.

Asubuhi nilikwenda kituoni kuuliza kosa lake. Askari wa zamu alinijibu kwa adabu: "Dada, huyu ni mwizi sugu. Tunamweka hadi sikukuu ipite, watu wanunue nguo za watoto kwa amani." Nikashukuru, nikaondoka. Siku nne nikapeleka uji na kaimati kila magharibi, nikiamini ndivyo sheria ilivyo. Shukrani ile inaniuma hadi leo, ndiyo maana naandika.

Siku ya tano jirani alinikutanisha na msaidizi wa kisheria, mama mmoja ambaye hakutaka hata soda. Swali lake la kwanza: "Wamesema alifanya nini, lini, wapi?" Sikuwa na jibu. Akaniambia na polisi hawana, kwa kuwa "mwizi sugu" ni sifa ya mtu, na mtu hukamatwa kwa tendo. Ibara ya 15 ya Katiba hairuhusu mtu kunyang'anywa uhuru wake ila kwa utaratibu uliowekwa na sheria, au anapotumikia adhabu ya mahakama. Na adhabu ya baiskeli mdogo wangu alishaimaliza.

Kwa hiyo ukifika kaunta, uliza hayo matatu kabla ya kuuliza dhamana. Kisha andika saa aliyokamatwa. Mimi sikuandika, na ilipofika siku ya kubishana sikuwa na uhakika. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inasema aliyekamatwa bila hati ya kukamatwa, kwa kosa lisilo la kunyongwa, ikiwa haiwezekani kumfikisha mahakamani ndani ya saa 24, mkuu wa kituo amwachie kwa dhamana, isipokuwa kosa lionekane kubwa. Hata likiwa kubwa, njia ni kwenda kwa hakimu mapema iwezekanavyo. Na dhamana ya polisi hailipiwi. Ukiombwa "ya mafuta", usitoe.

Mtaani utaambiwa mengi. Mmoja alituambia Mkuu wa Wilaya anaweza kumweka mtu ndani. Ni kweli, sheria ya tawala za mikoa ya 1997 inampa saa 48, lakini aandike sababu zake, na saa hizo zisipite kabla mtu hajafikishwa kwa hakimu. Mzee mwingine akakumbusha sheria ya enzi za Mwalimu ya kuweka watu kizuizini bila kesi. Sheria hiyo ya 1962 ipo, lakini amri ni ya Rais. Mwaka 1980, katika kesi ya Lesinoi Ndeinai, Mahakama ya Rufani ilikataa watu kushikiliwa bila amri halali ya Rais yenye muhuri wa umma. Askari wa zamu hana mamlaka hayo, wala sikukuu haimpi.

Sasa, serikali ina njia halali ya kumdhibiti mtu anayeaminika kuwa mhalifu wa mazoea, na hapa ndipo nilipojifunza zaidi. Polisi wanapeleka habari kwa hakimu. Hakimu anamwita mtu ajieleze kwa nini asitoe ahadi ya mwenendo mwema, yenye kiwango cha fedha, muda na wadhamini. Anasomewa anachodaiwa, kisha hakimu anachunguza kama ni kweli. Kisipothibitika, anaachiwa. Akiamriwa kutoa ahadi akashindwa, hapo anaweza kwenda gerezani. Katika uchunguzi huo hata sifa ya mtu mtaani inaweza kutolewa kama ushahidi. Niliposikia hivyo nilikasirika. Baadaye nikaona tofauti: umbea wa barazani unasemwa mbele ya hakimu, na anayesemwa ana nafasi ya kuujibu. Mdogo wangu hakupewa hata hiyo.

Yaliyopita yana uzito mahali pengine pia, tusidanganyane. Mtu aliyewahi kuhukumiwa kifungo cha zaidi ya miaka mitatu anaweza kunyimwa dhamana mahakamani kwa sababu hiyo. Miezi sita haifiki huko.

Jihadhari na shtaka la uzururaji, ambalo huja haraka familia inapoanza kuuliza. Kanuni ya Adhabu bado inamtaja mtu anayesifika kwa wizi asiye na njia ya kuonekana ya kujikimu. Desemba 2020 Mahakama ya Afrika, iliyo hapa kwetu Arusha, ilitoa maoni kwamba sheria za namna hii haziendani na Mkataba wa Afrika wa Haki za Binadamu. Hata hivyo, beba uthibitisho wa kazi yake. Mdogo wangu anashusha samaki pale soko la Deep Sea. Tajiri wake aliandika mistari mitatu, ikatosha.

Tulirudi kituoni na barua hiyo, barua ya mtendaji na wadhamini wawili. Yule mama aliuliza maswali yake matatu, polepole, akaomba majibu yaandikwe. Kabla ya adhuhuri mdogo wangu alikuwa nje. Wangekataa, tungekwenda Mahakama Kuu, ambayo ina masjala hapahapa Tanga, kuomba amri mtu aletwe na sababu ya kumshikilia ielezwe.

Jirani aliyeibiwa cherehani mwezi ule hakufurahi kumwona. Namwelewa, cherehani ile ndiyo iliyomlisha. Lakini siku zote tano hakuna askari aliyekwenda kumuuliza iliibwaje.

Ramadhani iliyofuata gari lilipita tena. Nikaandika: saa nne na dakika ishirini usiku. Barua zilikuwa tayari kabatini. Saa tatu asubuhi mdogo wangu alikuwa nyumbani, amelala.