Ukitaka kuwa prodyuza, anzia kwenye seti

Vijana wengi wanaoniomba ushauri wanataka kuongoza au kuigiza. Wachache hutaja utayarishaji, yaani kazi ya prodyuza anayesimamia pesa na mipango ya filamu, na usanifu wa mandhari karibu hautajwi kabisa, yaani ile kazi ya kuamua nyumba ya mhusika ifananeje: kitanda gani, pazia la rangi gani, ukuta uwe umechakaa kiasi gani. Mimi nimefanya kazi zote mbili hapa Dar es Salaam, na nasema bila kusita kwamba prodyuza mzuri hupikwa kwenye seti. Huko ndiko utakakojua pesa ya filamu inakwenda wapi.

Hata cheo chenyewe cha msanifu wa mandhari kilitoka kwa prodyuza. Mwaka 1939 prodyuza wa Hollywood, David O. Selznick, alimpa cheo hicho William Cameron Menzies katika filamu ya Gone with the Wind, baada ya kumtaka achore filamu nzima, picha kwa picha, kabla ya kamera kuwashwa. Kwetu mambo huenda kinyume: bajeti ikibana, seti ndiyo ya kwanza kukatwa, kisha tunashangaa kila tamthilia inaonekana imepigwa kwenye sebule ileile.

Anza na skripti. Mwandishi akiandika "Mama anaingia dukani usiku", kwake huo ni mstari mmoja. Kwako ni rafu, mizani, maboksi ya sabuni, taa, daftari la madeni na kibao cha mlangoni. Pita ukurasa kwa ukurasa, andika kila anachoshika mwigizaji, anachokalia, na kilicho nyuma yake. Kisha utenganishe: hiki cha kuazima, hiki cha kununua, hiki cha kuchongesha. Mafundi wa Keko watakuchongea kabati, vitambaa utavipata Kariakoo. Vitu vilivyochakaa vinunue vimechakaa, maana kuzeesha kitu kipya hula siku nzima ya fundi.

Kuta zinataka subira. Nyumba nyingi tunazokodi zimepakwa nyeupe, au rangi ya mafuta inayong'aa. Ukimsimamisha mwigizaji mweusi mbele ya ukuta mweupe, mpigapicha akipima mwanga wa uso, ukuta unaungua, yaani kwenye picha unabaki weupe mtupu. Akipima ukuta, uso unazama gizani. Mimi hutumia rangi ya maji isiyong'aa, ya udongo au kijani kilichofifia, nikaijaribu kwanza kwenye kipande cha ubao mbele ya kamera ileile na taa zilezile. Baada ya hapo ndipo nauchafua ukuta pale tu ambapo watu hugusa: kuzunguka swichi, karibu na kitasa, na nyuma ya kochi, pale mafuta ya nywele yanapoacha alama. Pazia jipya nalilowesha kwenye chai ya rangi. Mtazamaji hatavitaja vitu hivi, lakini ataamini kwamba familia ile inaishi mle.

Hadithi ya zamani inataka macho makali zaidi. Zanzibar ya miaka ya 1950 haina tangi la plastiki juu ya paa wala dishi. Tena Mji Mkongwe uko kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu mwaka 2000, kwa hiyo usiguse ukuta wa mtu kwa brashi kabla hujazungumza na mamlaka ya uhifadhi. Mara nyingi kugeuza kamera ni nafuu kuliko kugeuza mtaa.

Sasa vaa kofia ya prodyuza. Kibali cha Bodi ya Filamu kishughulikie mapema, na ofisi ya serikali ya mtaa ijue mnakuja. Kwa mwenye nyumba, piga picha kila chumba kabla ya kusogeza hata kiti, na mkubaliane kwa maandishi nani atarudisha rangi ya awali. Fedha ya kurudisha itengwe tangu siku ya kwanza, isiguswe.

Na mkataba wa mauzo usome mwenyewe. Enzi za DVD watayarishaji wengi waliuza filamu na haki zake zote kwa malipo ya mara moja. Leo zikirushwa tena hawapati kitu. Unapokwenda kwenye chaneli, uliza: mnanunua haki ya kuonyesha kwa miaka mingapi, katika nchi zipi, na baada ya hapo filamu ni ya nani? Majibu yaandikwe kabla hujakabidhi kazi.