Nimeolewa Kukungoja: Kwa Anayetaka Kuimba Pop kwa Lugha za Watu na Kucheza Jukwaani

Usiku wa tatu wa onyesho, nikiwa katikati ya wimbo wenye huzuni kuliko nyimbo zote za jioni ile, watu wa safu za mbele walicheka. Hawakuangua kicheko, walifunika midomo kwa viganja. Nikadhani gauni limefunguka mgongoni. Niliimba mpaka mwisho, taa zikazimwa, nikakimbilia nyuma ya pazia ambako mvishaji wangu alikuwa ananisubiri na gauni la pili mikononi. Tulikuwa na sekunde 40 za kubadilisha. Alikuwa mama wa makamo, na Kihispania ndiyo lugha aliyokua nayo. Huku akinifunga vifungo akanong'ona, "Mwanangu, kama umeshaolewa, unamngojea nini tena?"

Mstari wenyewe ulikuwa estoy cansada de esperarte, yaani nimechoka kukungoja. Mtunzi alikuwa ameweka noti ndefu kwenye silabi ya kwanza ya cansada, na mimi kwa utamu wa kuivuta ile a nikaimeza n inayofuata. Ikatoka casada. Nimeolewa kukungoja! Siku tatu mfululizo nilikuwa nawaimbia watu hivyo, machozi yakinilengalenga. Mwongozaji hakujua Kihispania, mpiga kinanda hakujua, na mimi wimbo niliukariri kwa sikio kama kasuku.

Huwa napata ujumbe kutoka kwa vijana wanaotaka njia hii: kuimba pop kwa lugha mbili tatu, huku mguu mmoja ukiwa kwenye tamthilia za muziki. Wanauliza habari za wakala, za picha, za namna ya kupata wafuasi. Hayo yana watu wengi wa kuyajibu. Mimi naanza na ile n.

Siku hizi wimbo wa lugha nisiyoizungumza nauanza bila muziki kabisa. Naandika maneno kwa mkono, chini ya kila neno naandika maana yake ya Kiswahili, neno kwa neno, hata kama sentensi inayotoka ni ya ajabu. Tafsiri nzuri ya mstari mzima hainisaidii, kwa sababu nahitaji kujua neno lipi ndilo "choka" na lipi ndilo "ngoja", nisije nikaweka uchungu wote kwenye kiunganishi. Nimewahi kufanya hivyo pia. Kisha nauongea mstari kama maneno ya kawaida, namwambia mtu, tena mtu aliyezaliwa na lugha hiyo. Namwomba asinisifie. Namwambia, "Nikosoe kama mtoto wako." Watu wengi wana adabu, watakuambia umejitahidi, na ukiona wanasema umejitahidi ujue bado. Muziki unakuja mwisho.

Sisi tuliolelewa kwa Kiswahili tuna mitego yetu. Karibu kila silabi yetu inaishia na irabu, basi mdomo ukikutana na neno linaloishia na konsonanti unatafuta pa kutua na kujiongezea irabu kidogo. Kwenye maongezi haionekani sana. Kwenye noti ya sekunde nne inasikika mpaka viti vya nyuma. Tena irabu zetu ni tano, safi, kila moja na chumba chake. Kiingereza kina irabu zaidi ya kumi zinazopishana kama watu kwenye ngazi nyembamba. Live na leave kwetu ni sauti moja, lakini katika wimbo wa mapenzi, kusema siwezi kuishi na kusema siwezi kuondoka ni hadithi mbili tofauti. Nilijirekodi nikiimba maneno hayo mara ishirini, nikampa rafiki yangu asikilize bila kuona maandishi, aniambie anasikia lipi. Mara ya kwanza alipatia nusu tu, maana yake alikuwa anabahatisha.

Mtego wa pili ni mkazo. Kiswahili huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na tunauhamishia kila mahali bila kujua. Ila na wageni wanatufanyia hivyo hivyo. Prodyuza mmoja aliniletea kiitikio cha Kiswahili alichokitunga mwenyewe kwa kuokoteza maneno, "mpenzi wangu", na pigo zito la ngoma likaangukia kwenye "ngu". Nilikuwa mgeni studio, nikaona haya kusema. Mama aliposikia wimbo akauliza, "Huyu ni nani anayejifunza Kiswahili?" Nikamwambia ni mimi. Alinyamaza kidogo, akasema sauti ni nzuri. Kumbe dawa ilikuwa rahisi: kuuchelewesha mstari kwa nusu pigo ili ngoma ipige kwenye "wa". Dakika tano za kazi. Ukiwa ndiye pekee chumbani unayeijua lugha, hilo ndilo jukumu lako, hata kama jina lako ni la mwisho kwenye karatasi. Usione haya nilizoziona mimi.

Anayetaka kusikia lugha ya wengine ikiimbwa kwa heshima amsikilize Miriam Makeba, mwana wa Afrika Kusini, akiimba "Malaika" kwa Kiswahili. Wimbo huo umo kwenye albamu aliyoitoa pamoja na mwimbaji wa Marekani Harry Belafonte mwaka 1965, iliyopata tuzo ya Grammy mwaka uliofuata. Na wote wawili walikuwa watu wa jukwaa. Makeba alicheza katika tamthilia ya muziki ya King Kong huko Johannesburg mwaka 1959, kabla ulimwengu haujamjua. Belafonte alisomea uigizaji New York, akapata Tony, tuzo kubwa ya tamthilia za Marekani, mwaka 1954, na albamu yake ya Calypso ikaja baadaye, mwaka 1956. Nawataja kwa sababu kuna msemo unaoniudhi, kwamba mwanamuziki hukimbilia tamthilia nyimbo zake zikishadoda. Ukimtazama Belafonte akiimba wimbo wa watu wa mbali unaona mwigizaji kwanza: anajua anayesema ni nani, anamwambia nani, na anataka nini.

Hilo ndilo lililonishinda kwenye mazoezi yangu ya kwanza ya tamthilia. Nilikuwa nimezoea tamasha. Wimbo ukaanza, nikageukia mbele, nikanyoosha mkono, nikafumba macho nikaanza kurembesha sauti, napanda nashuka. Mwongozaji akanyamazisha kinanda. "Unamwimbia nani?" Nikaonyesha viti vitupu. Akasema, "Mume wako yuko nyuma yako."

Kwenye pop wimbo ni wako. Ukitaka unaukata, unauongeza, unawapa watu waimbe kiitikio wakati wewe unavuta pumzi. Jukwaani wimbo ni wa mhusika, naye hajui kwamba kuna watu mia nane gizani. Yale madoido ya sauti niliyoyapenda yalikuwa yananieleza mimi, hayamwelezi yeye. Halafu kuna mambo ya mwili tu. Taa imewekwa mahali pake, ukisogea hatua mbili kwa sababu leo umepandwa na hisia, unaimba gizani, na mwenzako aliyepaswa kukushika anashika hewa. Maiki haiko mkononi, imefichwa kwenye ukingo wa nywele, juu ya paji la uso, na waya unashuka chini ya wigi. Kwenye tamasha, noti kubwa ikija nilikuwa nauondoa mkono mbali na mdomo bila hata kufikiri. Sasa hakuna cha kuondoa. Lazima sauti yenyewe ijipunguze kooni, na fundi mitambo ndiye anayejua umejifunza lini. Na jasho likiingia kwenye kile kimaiki, unasikika kama unaimba ndani ya mtungi.

Kuhusu koo nitasema machache. Ratiba ya kawaida ya Broadway na West End, yaani kumbi kubwa za tamthilia za New York na London, ni maonyesho manane kwa wiki, kwa hiyo siku mbili unacheza mara mbili. Ziara ya pop ina usiku wa kupumzika katikati, tamthilia ina Jumatano mchana. Lala. Kunywa maji tangu asubuhi, maana yale unayogugumia mlangoni hayajafika popote. Usizungumze kwenye kelele baada ya onyesho, hata kama ni watu wa maana. Na ukipoteza sauti, sema siku hiyo hiyo. Wiki ya nne mimi nilificha, nikacheza mara mbili Jumamosi na sauti ya mchanga, nikakaa kimya siku kumi. Mbadala wangu, binti aliyekuwa amejifunza kila hatua yangu na kukaa chumba cha nyuma jioni zote bila kuitwa, ndiye aliyeingia. Ningemwambia Ijumaa, angepata mazoezi hata ya saa moja.

Sasa suala la sura na lafudhi, kwa maana ukiwa mtu wa tamaduni mbili utaitwa kwenye usaili mwingi kwa sababu hiyo tu. Watu hupenda kumtaja Lea Salonga, Mfilipino aliyecheza nafasi kuu katika tamthilia ya muziki ya Miss Saigon jijini London mwaka 1989 akiwa na miaka 18, kisha Tony mwaka 1991. Wanasimulia kana kwamba aliokotwa. Alikuwa jukwaani Manila tangu 1978, mtoto wa miaka saba, na albamu yake ya kwanza ilitoka akiwa na miaka kumi. Alipofika kwenye usaili ule alikuwa na miaka kama kumi ya kazi. Na onyesho hilo hilo lilizua mzozo New York mwaka 1990, chama cha waigizaji kilipopinga mzungu kupewa nafasi ya mtu mwenye asili ya Kiasia. Chama kikarudi nyuma baadaye, lakini swali lile halijaondoka mpaka leo: nani anaruhusiwa kuwa nani.

Mimi swali hilo lilinifikia kwa mlango wa kuchekesha. Kwenye usaili mmoja nilimaliza kuimba, jopo likaonekana kuridhika, kisha bwana mmoja akaniomba nisome tena, "kwa lafudhi ya Kiafrika." Nikamuuliza, "Ya wapi?" Akatazama karatasi zake. "Ya kawaida," akasema.

Nilikuwa na njia mbili, kutoka nimenuna au kubuni kitu cha kumfurahisha. Nikachukua ya tatu ambayo naipendekeza: nikamwambia mhusika huyu naona amekulia pwani, kwa hiyo anaongea polepole na irabu zake zina nafasi, ngoja nikusomee. Nikasoma kwa sauti ya shangazi yangu. Kazi nikapata. Watu wengi wanaoomba "ya kawaida" hawana ubaya, wana uvivu tu, na mvivu hushukuru ukimfanyia kazi yake. Wapo wengine ambao ukiwauliza ya wapi wanakasirika. Hao nimewaachia kazi zao, na wakati mwingine kodi ya nyumba ilinifanya nijute kwa mwezi mzima. Sitakudanganya kwamba kila kukataa kunalipa. Kipimo changu ni kimoja: huyu mhusika anataka kitu, au amewekwa hapo awe rangi ya jukwaa? Akitaka kitu, hata kama ni mfanyakazi wa ndani mwenye mistari minne, nitamcheza.

Limebaki la mkataba, nalo ndilo lililoniuma. Miaka kadhaa kabla ya tamthilia nilikuwa nimesaini na kampuni ya kurekodi. Kulikuwa na kifungu kwamba sauti yangu isirekodiwe na mtu mwingine yeyote kwa muda wa mkataba. Vifungu vya namna hii ni vya kawaida, na kwenye pop unaviona havina neno, kwani utarekodi wapi kwingine? Tamthilia ilipofanya vizuri, wenye ukumbi wakaamua kutoa albamu ya nyimbo zake. Nikapeleka habari njema ofisini nikidhani watafurahi. Wakakataa kutoa ruhusa. Sikulia pale, nililia kwenye lifti.

Kwa hiyo kabla hujasaini, mtafute mwanasheria anayejua muziki, alipwe kwa saa moja kama huna zaidi, na umwambie waziwazi kwamba unacheza tamthilia pia. Aombe kifungu kinachoruhusu rekodi za maonyesho ya jukwaani unayoshiriki. Ukiomba kabla ya wino, mara nyingi ni mstari mmoja tu. Baada ya wino unaomba hisani. Na muulize mirabaha ya tafsiri inakwenda kwa nani, maana ukigeuza mashairi ya mtu kuwa Kiswahili umefanya kazi ya mtunzi, na nimeona wengi wakiifanya bure studio huku wakiambiwa "utusaidie tu maneno."

Albamu ilirekodiwa na mbadala wangu. Ilipotoka aliniletea nakala mwenyewe, kaishika kwa mikono miwili kama mtu anayerudisha sahani ya jirani. Niliisikiliza usiku, peke yangu. Ulipofika ule wimbo wa Kihispania, anaivuta ile a kwa muda mrefu kuliko nilivyokuwa naivuta mimi, mpaka nikashika kiti, halafu anaifunga n yake polepole, imekamilika. Tulikuwa tumeifanyia mazoezi wiki mbili, mimi na yeye na yule mama mvishaji, kwenye chumba cha nguo.