Re: Mbona granite yetu ya Iringa inaishia kuwa kokoto?

Mkuu, umeuliza kwa nini wenzetu wa Maine, Marekani, walijenga majiji kwa granite, na sisi wenye miamba kama Gangilonga tunagonga kokoto tu. Jibu kubwa ni bahari. Machimbo ya Vinalhaven kule Maine, yaliyoanza 1826, yako kisiwani: jiwe lilitoka shimoni, likashushwa gatini, merikebu ya matanga ikalipeleka New York. Toka Iringa hadi bandari ya Dar ni kama kilomita 500 za lami, na mlima wa Kitonga wenye kona kali uko njiani. Piga hesabu ya dizeli mwenyewe.

Mwamba wenyewe hauna tofauti kubwa. Zote ni uji wa mawe yaliyoyeyuka uliopoa taratibu chini ya ardhi, ndiyo maana chembe zake zinaonekana kwa macho. Wa kwetu ni mzee zaidi, tena sana. Udongo wa juu ukimomonyoka mzigo unapungua, mwamba unapasuka matabaka ya ulalo. Wachimbaji wa Maine waliyafuata hayo matabaka, wakatoboa vitundu kwa mstari, wakapigilia kabari za chuma hadi jiwe linakatika limenyooka.

Sisi tunawasha moto juu ya jiwe ili lipasuke! Moto unajaza nyufa ndogondogo ndani, kwa hiyo hata ukipata bonge zuri halifai kukatwa vigae. Kwa kokoto sawa.

Ila usiwaonee wivu sana. Zege na chuma vilipoingia karne ya 20, machimbo mengi ya kule yalifungwa, na mashimo yamejaa maji, watu wanaogelea.