Usimtazame Edgar Reitz kwa haraka

Mara ya kwanza nilishindwa kabla ya sehemu ya tatu. Nilikuwa nimepanga kuimaliza Heimat, filamu ndefu ya Mjerumani Edgar Reitz, wikendi moja, kama tamthilia yoyote ile. Sehemu 11, zaidi ya saa 15! Jumapili jioni sikujua tena nani mtoto wa nani.

Baadaye nikaanza upya: sehemu moja kila Jumamosi, na karatasi ya ukoo wa akina Simon, familia inayosimuliwa humo, pembeni. Nawe fanya hivyo. Anza na ile ya 1984. Ile ya pili, ya miaka ya sitini kule München, ni ndefu zaidi, isubiri.

Heimat ni neno la Kijerumani linalowatoa jasho wafasiri. Sisi tunalo: kwetu. Reitz alizaliwa 1932 huko Morbach, katika vilima vya Hunsrück, baba yake akiwa fundi saa. Mwaka 1962 alikuwa mmoja wa vijana 26 waliotia saini tamko la Oberhausen, kwamba sinema ya wazee wao imekufa. Lakini 1978 filamu yake kubwa, ya mshonaji wa Ulm aliyetaka kuruka kama ndege, ilianguka vibaya. Akajificha kisiwani Sylt, theluji ikamfungia. Hapo akatazama tamthilia ya Kimarekani kuhusu mauaji ya Wayahudi, ikamkera: historia ya Wajerumani ilikuwa ikisimuliwa na wengine. Akaanza kuandika habari za kijiji.

Rangi zisikusumbue. Picha hugeuka kutoka nyeusi na nyeupe kuwa za rangi, kisha zinarudi. Nilijaza kurasa nne nikitafuta kanuni, nikaacha.

Jambo la kulikazia macho ni jingine. Wapo waliomlaumu kwamba mauaji ya Wayahudi yanapita pembeni, na sioni kama walimwonea. Ila angalia wanakijiji wa Schabbach, kijiji cha filamu hiyo, wanavyozoea mambo: redio inakuja, barabara inajengwa, kazi zinapatikana, kila mtu ana sababu ya kutouliza. Otto, mhandisi wa barabara hiyo, mama yake ni Myahudi. Hapo ndipo nilipoacha kuwapenda baadhi ya watu niliokuwa nimeshawazoea.

Na kama una mzee nyumbani unayetaka kumrekodi, rudia dakika za mwanzo. Paul, kijana wa akina Simon, anarudi kutoka vitani 1919, baba yake yuko kwenye karakana yake ya uhunzi anafua chuma. Paul anaingia na kumsaidia kazi, hawasemi neno. Mimi nilikuwa nimemuuliza bibi yangu, "Uhuru ulikuwaje?" Akanijibu kama mtangazaji wa redio: tulifurahi, tulicheza ngoma, basi. Safari iliyofuata nikaweka simu juu ya cherehani yake ya zamani, nikamuuliza aliinunuaje. Aliongea hadi chai ikapoa, na mwaka 1961 ukajitokeza wenyewe, katikati ya sare za shule na deni la uzi.