Haja kubwa mlimani Elgon: kuchimba au kubeba?

Swali: Tuko watu 12 kutoka Nakuru, na tunataka kulala siku mbili Mlima Elgon, kule juu karibu na Koitoboss, ambako tumeambiwa hakuna choo. Mwenzetu mmoja anasema tuchimbe shimo moja refu la wote na tishu tuzichome. Mifuko ya plastiki nayo imepigwa marufuku, sasa taka tutazibebea nini? Na je, tukinunua sabuni inayooza yenyewe, tunaweza kuoshea vyombo mtoni? (Msomaji, Nakuru)

Jibu: Kila kitu kinategemea mtakuwa mwinuko gani mtakapobanwa na haja. Kinyesi kilichofukiwa hakiozi chenyewe, huliwa na vijidudu vya udongo, na vijidudu hivyo hukaa kwenye tabaka jeusi la juu lenye hewa na joto. Chini kwenye mitarakwa na podo tabaka hilo lipo tele. Koitoboss iko mita 4,222. Huko karibu na kilele usiku kuna jalidi, udongo umeshiba maji, na kazi ya vijidudu hukaribia kusimama. Mtakachofukia huko, watakaokuja msimu ujao watakikuta. Shimo refu la watu 12 ndilo baya kuliko yote: chini hakuna hewa, na mvua ikinyesha maji machafu hupenya hadi kijito. Vijito hivyo huingia Suam upande mmoja na Nzoia upande mwingine, na watu wa Trans Nzoia huyateka maji hayo.

Kwa hiyo msituni chimbeni, juu bebeni.

Msituni, kila mtu na shimo lake, kwa koleo dogo la bustani. Tembea hatua 80 za mtu mzima, yaani kama mita 60, kutoka majini, njiani na kambini, na uepuke makorongo makavu, kwa sababu mvua moja tu huyageuza mito. Kata nyasi pamoja na mizizi yake kama kifuniko, uiweke kando. Chimba sentimita 15 hadi 20, karibu urefu wa kiganja chako na vidole vikiwa vimenyooka. Ukizidisha hapo umeshawapita vijidudu. Ukimaliza, koroga kwa kijiti pamoja na udongo kidogo, fukia, rudisha kile kifuniko cha nyasi na ukikanyage. Kijiti kibaki shimoni. Elgon ina nyati na ndovu, basi hatua 80 hizo zitembewe kabla ya giza, na mtu asiende bila kumwambia mwenzake.

Kwa kambi ya juu tafuteni ndoo ya lita 20 yenye kifuniko cha kubana, kama zile za rangi za nyumba, ioshwe vizuri. Seremala yeyote atawapa vumbi la mbao. Tandazeni sentimita 5 chini ya ndoo, kisha kila mtu akimaliza amwage kikombe kimoja juu yake. Mkojo usiingie humo kamwe. Unyevu ndio unaoleta harufu, na ndio unaofanya ndoo ivuje ikiinamishwa. Kadirieni gramu 250 kwa mtu kwa siku: watu 12 kwa siku 2 ni kilo 6, na pamoja na vumbi la mbao ndoo itajaa kama robo tatu. Uzito wote hautafika kilo 10. Pangeni zamu ya kuibeba kabla hamjaondoka Nakuru, maana juu mlimani kila mtu atakuwa amechoka.

Tishu msizichome. Karatasi yenye unyevu huungua nusu, upepo ukaipeperusha ikiwa bado ina cheche, na nyasi za mlimani miezi ya kiangazi hushika moto upesi. Baya zaidi, udongo wenyewe una mizizi na majani yasiyooza, kwa hiyo moto huweza kutambaa chini kwa chini baada ya nyinyi kuondoka. Pikieni gesi. Msivunje wala kuchuma majani makavu yanayoning'inia kwenye shina la senesio, ile mimea mikubwa ya Elgon. Yanaonekana kama kuni za bure, lakini ndiyo yanayolikinga shina na baridi kali ya usiku.

Tishu zilizotumika, sodo, nepi na maganda ya matunda yatiwe kwenye kopo la plastiki gumu lenye kifuniko, pamoja na konzi ya majani makavu ya chai ya kupunguza harufu. Marufuku ya tarehe 28 Agosti 2017 inahusu mifuko ya kubebea, na ile ya tarehe 5 Juni 2020 inahusu plastiki za kutumia mara moja ndani ya mbuga na misitu ya hifadhi. Kopo, ndoo na jerikeni zinazotumika tena na tena haziguswi. Maji ya kunywa chukueni kwa jerikeni, si kwa chupa za dukani.

Sabuni ile inahitaji udongo ili ioze. Ikiingia mtoni inabaki sabuni, na hudhuru wadudu wa majini. Tekeni maji, mwende nayo hatua 80. Sufuria ya ugali ilowekwe kwa maji moto na ukoko ukwanguliwe. Mara nyingi sabuni haihitajiki kabisa. Chujeni yale maji kwa kitambaa, makombo yaende kwenye kopo, maji yamwagwe yakitawanywa mahali papana.

Mkirudi langoni, waulizeni maaskari wa mbuga kama ndoo inaweza kumwagwa kwenye choo chao cha shimo. Msiimwage kwenye choo cha maji, kwa sababu vumbi la mbao hufura na kuziba bomba.